Sikio la Mwigizaji

Msimu wa karafuu, jioni, wanawake wa Wawi, Pemba, hukaa barazani na lundo la karafuu mbichi mbele yao, wakichambua. Karafuu upande huu, makonyo upande ule. Hakuna anayeinua uso. Lakini mmoja wao akitamka neno zito, kuna mikono itakayopunguza kasi, na hapo ndipo unapojua limemchoma nani.

Kando ya mikono hiyo, kwenye kompyuta ya mpwa wangu, ndipo nilipomtazama Siti Amina akiigiza Mwajuma katika Vuta N'kuvute, filamu ya Amil Shivji ya mwaka 2021 iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi. Macho ya wengi humfuata Ikhlas Gafur Vora, ambaye ndiye Yasmin, msichana aliyeozwa mume mzee akakimbia. Na ni haki yake. Mimi nilinaswa na Mwajuma, shoga anayempokea.

Siti Amina ni mwimbaji na mpigaji udi. Naamini uigizaji wake umetokea huko. Katika taarabu mwimbaji hakurupuki. Husimama kimya mbele za watu, fidla na ganuni zikitangulia, na kimya chake tayari ni wimbo. Ndivyo anavyofanya mbele ya kamera: Yasmin anapozungumza, Mwajuma hangojei zamu yake ya kusema. Anasikiliza, na neno likimfika unaliona shingoni kabla halijafika mdomoni.

Kusikiliza huko kuna na sura nyingine: huko Mexico, waigizaji wengi wa tamthilia wamekuwa wakitiwa kidude sikioni kinachowanong'oneza maneno papo kwa papo. Wapo wanaoidharau njia hiyo. Mimi nashangazwa nayo: sikio moja lipokee maneno yako, la pili limsikilize mwenzako, na bado machozi yatoke ya kuaminika! Tamthilia za huko, kama ile ya mwaka 1979 aliyoigiza Verónica Castro, Los ricos también lloran, ziliwaliza hata Warusi wasiojua Kihispania.

Vuta N'kuvute nayo ilioneshwa kwenye tamasha la filamu la Toronto, na mwaka 2022 Tanzania ikaipeleka kuwania Oscar, mara ya kwanza tangu filamu ya Maangamizi ya mwaka 2001. Barazani petu hakuna aliyeyajua hayo. Shangazi alikuwa kainama muda wote, hata nikadhani hafuatilii. Mwajuma alipomjibu Yasmin, mikono ya shangazi ikasita juu ya karafuu.

"Hebu rudisha hapo," akasema.