Ulipokosea mara ya mwisho, ulimwambia nani?

Wandugu, kama umeshapita mahojiano ya kazi hapa Kalemie, hasa kwenye ONG, lile swali unalijua: udhaifu wako ni nini? Na jibu tumefundishana sote, eti napenda kazi kupita kiasi. Mimi pia nililisema, bila aibu.

Yule mama wa RH akaandika kidogo, kisha akauliza: "Ulipokosea mara ya mwisho, ulimwambia nani?"

Nikanyamaza. Kifaransa nilikielewa. Nilikuwa nawaza ule mwaka niliorudia chuoni, na nyumbani nikasema matokeo yamechelewa. Baba, mvuvi, alilipa minervali mara mbili. Sikuwa nimemwambia mtu, hata mmoja.

Basi swali lilikuwa zuri. Kibaya ni namna walivyosoma jibu: baadaye nikasikia kimya changu kimehesabiwa kuwa ni kutojiamini! Huku kwetu ukiulizwa jambo zito na mkubwa, unainamisha macho, unapima neno. Anayejibu mbiombio ndiye tunayemtilia shaka. Fomu yao haina nafasi ya kuandika hilo.

Na mambo haya si mapya. Mwaka 1935, kule Harvard, Christiana Morgan na Henry Murray walitoa teste ya picha: unaonyeshwa picha, unatunga hadithi, wao wanakusoma humo ndani. André Ombredane alipoileta Kongo ya Wabelgiji, aliandaa picha nyingine zenye watu weusi, na mwaka 1954 akachapisha kazi yake Bruxelles. Jina lake tu linasema anachunguza fikra za Weusi; ukoloni mtupu, simsafishi. Lakini yeye angalau alibadilisha picha. Hawa wa leo wanatuletea maswali yaliyotungwa mbali, na hata lugha hawabadilishi.

Sisemi teste zifutwe. Tukirudi kuajiri kwa "huyu ni mtoto wa nani", sote tunajua nani atabaki nje. Naomba tu anayeuliza asubiri kidogo, aulize mara ya pili, ikibidi kwa Kiswahili.

Kazi sikupata. Jioni ile nilimkuta baba anashona nyavu, akauliza teste ilikwendaje. Nikamweleza, mpaka habari ya ule mwaka. Alikaa muda mrefu bila kuinua macho. Kisha akauliza neno moja tu: mama yako anajua?

Nikasema bado.