Aibu kama Chimbuko la Kicheko: Tukio la Mkahawani katika "The Immigrant"

Katika maandishi yake ya mwaka 1900 kuhusu kicheko, Henri Bergson alidai kwamba binadamu huchekesha pale mwili wake utendapo kama mashine, na kwamba ili acheke, mtazamaji hana budi kuweka huruma kando kwa muda. Ni rahisi kuipachika nadharia hiyo kwenye sinema bubu. Kwa mianguko na mateke yafaa. Aibu inapoingia, haitoshelezi.

Mfano ulio wazi umo katika "The Immigrant", filamu fupi ya Charlie Chaplin ya mwaka 1917. Mzururaji ameokota sarafu nje ya mkahawa na kuitia katika mfuko uliotoboka. Sarafu imedondoka, naye hana habari. Anaagiza maharagwe, kisha anamkaribisha mezani msichana (Edna Purviance) aliyesafiri naye melini na ambaye sasa amefiwa na mamaye. Punde mteja mwingine, aliyepungukiwa na senti 10 tu, anapigwa na wahudumu na kutupwa nje. Hapo ndipo mzururaji anapojipapasa mfukoni.

Tangu hapo ucheshi wote umo katika juhudi ya fukara kuonekana mwenye nacho, huku akimchunga kwa pembe ya jicho mhudumu (Eric Campbell, pandikizi la mtu). Anaipata sarafu sakafuni. Mhudumu anaiuma, inapinda: ni ya bandia. Mchoraji mmoja anajitolea kulipa. Mzururaji anakataa kiungwana, akitaraji kusihiwa tena. Anasihiwa mara kadhaa, kisha mchoraji anakubali kukataliwa. Hakuna teke liumizalo kama hilo.

Msamiati wa Kiswahili walipambanua jambo hili kuliko nadharia ya Bergson. Haya humzuia mtu kabla ya tendo. Aibu humpata machoni pa watu. Fedheha ni aibu iliyokwisha kuanikwa. Mteja aliyepigwa amefedheheka, wala hachekeshi sana. Mzururaji angali ukingoni mwa fedheha, na mtazamaji, aliyeijua hali ya mfuko kabla ya mwenyewe, anaficha siri pamoja naye. Anacheka kwa sababu anamhurumia.

Hatimaye mchoraji anaacha chenji yake iwe bakshishi. Mzururaji anaichomeka hati ya deni lake chini ya pesa hizo na kumkabidhi mhudumu. Mchoraji hajui kwamba amelipa.