Mtoto Asiyeonekana: Uhakiki wa Tamthilia ya Televisheni The Moorside kwa Hadhira ya Katanga

Utangulizi

Tamthilia inayotokana na kisa cha kweli cha kutekwa nyara kwa mtoto huzusha swali ambalo uhakiki hauna budi kulikabili: kisa hicho ni mali ya nani? Makala haya yanaichunguza The Moorside, tamthilia ya sehemu mbili iliyotungwa na Neil McKay, ikaongozwa na Paul Whittington, na kurushwa na BBC nchini Uingereza tarehe 7 na 14 Februari 2017. Hoja inayotetewa ni kwamba tamthilia ya aina hii haipimwi kwa usahihi wa matukio peke yake. Inapimwa pia, na zaidi, kwa namna inavyomtendea yule aliyetekwa.

Kazi hii ya Kiingereza ina la kuiambia hadhira ya Katanga. Koni, karibu na Likasi, ni makazi yaliyojengeka kando ya mto Lufira kwa sababu ya kituo cha umeme kilichoanza kazi mwaka 1950 ili kuhudumia migodi ya Union Minière. Mahali pa namna hiyo watu hukusanywa na kazi kabla ya kukusanywa na ukoo; jirani ndiye anayegeuka ndugu, na mtoto wa mmoja hulelewa na macho ya wengi. Mtaa wa Moorside nao uko Dewsbury, mji uliokuzwa na viwanda vya sufu ambavyo fahari yake ilikwisha kupita. Mtazamaji wa Koni hatakuwa mgeni kabisa katika mtaa huo.

Muhtasari wa kisa

Tarehe 19 Februari 2008 msichana wa miaka 9 hakurudi nyumbani kutoka shuleni. Majirani walichapisha karatasi za matangazo, wakaandamana, wakapekua mitaa usiku na mchana, huku mama mzazi akilia mbele ya kamera za televisheni. Tarehe 14 Machi polisi walimkuta mtoto akiwa hai, amefichwa ndani ya kitanda katika nyumba iliyokuwa umbali mfupi tu. Baadaye ilidhihirika kwamba mama mwenyewe alishiriki katika njama hiyo, kwa tamaa ya fedha za zawadi. Yeye na mwanamume aliyemficha mtoto walitiwa hatiani mwaka 2008, na Januari 2009 kila mmoja akahukumiwa kifungo cha miaka 8.

Usawiri wa wahusika

Mtunzi angeweza kufuata njia rahisi, yaani kujenga taharuki juu ya swali la nani mwizi. Hakufanya hivyo, kwani watazamaji wa Uingereza walikwisha kulijua jibu. Badala yake amemweka katikati jirani aliyeongoza msako, mhusika anayeigizwa na Sheridan Smith. Kwa uteuzi huo mgogoro unahama: hauko tena kati ya polisi na mhalifu, bali ndani ya moyo wa mtu aliyetoa imani yake yote na kugundua kwamba alidanganywa na mwenziwe.

Onyesho la mama kukiri ndani ya gari, mbele ya majirani wake na askari wa kike, ndilo kilele cha kazi nzima. Hapana mayowe wala mapambano. Nafasi ni finyu, nyuso ziko karibu, na hapana pa kukimbilia. Gemma Whelan anamwigiza mama huyo kama mtu asiyeelewa vema uzito wa alilolitenda. Mtazamaji hapewi raha ya kumchukia tu.

Hata hivyo, hapa ndipo penye kasoro. Tamthilia inachunguza sana tabia ya mama, lakini inapita haraka juu ya mazingira yaliyomzaa. Umaskini unaonekana katika mavazi na samani, ila haupewi historia. Mtaa unaoachwa bila maelezo ya ufukara wake huonekana kama mtaa wa watu wenye kasoro, na hukumu hiyo wakazi wa makambi ya wafanyakazi, popote walipo, wameisikia mara nyingi.

Lugha

Wahusika wanazungumza lahaja ya Yorkshire, nayo haikusafishwa ili kumpendeza mtazamaji wa London. Funzo hili lina maana Katanga, ambako Kiswahili cha mitaani mara nyingi hupimwa kwa kipimo cha Kiswahili Sanifu na kuonekana kimepungukiwa. Kundi la Mufwankolo la Lubumbashi lilikwisha kuonyesha kwamba lugha hiyo inabeba tamthilia nzito ya televisheni, kama alivyoeleza Johannes Fabian katika kitabu chake Power and Performance (1990).

Ukimya wa mtoto

Jambo linalobishaniwa zaidi ni ukimya wa mtoto. Yeye si msimulizi wala mhusika mkuu, na mateso ya maficho hayaigizwi. Baadhi ya ndugu zake walilalamika hata kabla tamthilia haijarushwa. Je, ukimya huo ni heshima au ni kunyang'anywa mara ya pili?

Kwa kisa hiki, ukimya unastahili kutetewa. Mtoto hakuwa na sauti katika kutekwa kwake, wala hakuchagua kujulikana na taifa zima. Kumtungia maneno na kuigiza hofu yake kungekuwa kutumia tena kile ambacho wakosaji walikitumia: udhaifu wake. Mufwankolo walikuwa na njia nyingine ya kuepa hatari hiyo. Katika mchezo ambao Fabian aliuchunguza mwaka 1986, walianza na msemo kwamba mamlaka huliwa mazima, wakajenga juu yake kisa kisicho cha mtu mmoja aliye hai. Kwa njia hiyo jamii inajadiliwa na hakuna anayeaibishwa kwa jina.

Lakini ukimya si kanuni ya kila kisa. Tarehe 2 Desemba 2024 Mahakama ya Rufani ya Brussels iliamua kwamba serikali ya Ubelgiji ilitenda uhalifu dhidi ya ubinadamu kwa kuwatenga na mama zao wanawake watano waliozaliwa Kongo na baba Wazungu. Walichukuliwa kabla ya kutimiza miaka 7, wakapelekwa misheni ya Katende, Kasai. Mahakama ya chini ilikuwa imeyakataa madai yao mwaka 2021, hawakunyamaza. Mtunzi atakayeandika tamthilia juu yao na kuwaficha nyuma ya mahakimu na wamisionari atakuwa anaurudia unyang'anyi huo. Hawa wamekwisha kusema, na sauti yao ndiyo iongoze.

Hitimisho

The Moorside imefaulu kwa sababu ilijua nani asiguswe, na imepungukiwa pale ilipoacha kuuliza mtaa ulifikaje ulipofika. Mtunzi wa Likasi au Lubumbashi atakayegusa kisa cha mtoto aliyetekwa na aanze kwa kuuliza kama aliyetekwa yuko tayari kusema. Kama hayuko tayari, kisa kivishwe vazi la mfano. Kama yuko tayari, mtunzi akae upande wa kusikiliza.