Kamera ya Ragghianti na Jicho la Mtazamaji

Carlo Ludovico Ragghianti, mhakiki wa sanaa wa Italia, alitengeneza filamu 21 baina ya 1948 na 1964, akaziita filamu za uhakiki. Kwake, mwendo wa kamera ndio tahakiki yenyewe, wala si pambo la maneno ya msemaji. Dai hilo lasimama imara katika filamu yake juu ya Michelangelo (1964): sanamu yataka kuzungukwa, na kamera huizunguka. Katika ile ya kwanza, juu ya picha ya Raffaello ya Yesu akichukuliwa kaburini, mambo ni mengine. Picha humwachia mtazamaji aanzie apendapo. Hapa kamera imekwisha kumwamulia. Msomaji wa tahakiki iliyoandikwa huitazama picha mwenyewe, akalinganisha, akabisha. Huyu aliyeketi gizani atabisha kwa ushahidi gani, ilhali aonyeshwacho ni kile tu kiithibitishacho hoja ya mhakiki?