Je, Utukufu wa Mahali Umo Katika Udongo?
Uhakiki wa nadharia ya Mircea Eliade kwa mizani ya fiqhi na historia

Sifa zote njema anastahiki Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), Aali zake na Sahaba zake. Amma baad.

Vijana wetu wanaosoma taaluma ya dini mbalimbali katika vyuo vikuu hukutana mapema na jina la Mircea Eliade, mwanachuoni aliyezaliwa Bucharest mwaka 1907 na kufariki Chicago mwaka 1986. Kitabu chake mashuhuri kuhusu kitakatifu na kisicho kitakatifu kilitoka kwanza kwa Kijerumani mwaka 1957, kisha kwa Kiingereza mwaka 1959 kwa jina la The Sacred and the Profane. Tumeona vyema kukipima, kwani wako wanaokitumia kuieleza Al-Kaaba na misikiti yetu bila ya kurejea kwenye fiqhi hata mara moja.

Muhtasari wa hoja yake ni huu. Kwa mtu wa dini, ardhi si sawa pote. Kuna sehemu ambazo utakatifu hujidhihirisha wenyewe, na kila sehemu kama hiyo huwa ni kitovu cha ulimwengu, nguzo inayounganisha mbingu, ardhi na kilichoko chini yake. Hekalu, mlima, mti na mji mtukufu, vyote kwake ni sura mbalimbali za jambo moja.

Uadilifu unatutaka tuanze na alichopatia. Ni kweli kwamba dini hazizioni sehemu zote kuwa sawa. Nabii Musa (a.s.) aliamrishwa avue viatu vyake katika bonde takatifu la Tuwa, kama ilivyo katika Sura Taha, aya ya 12. Habari hiyo wanayo pia Mayahudi na Wakristo katika Kitabu cha Kutoka. Nasi hatukalii msikitini hali ya kuwa na janaba, wala hatuwindi katika Haram ya Makka. Kwamba iko tofauti baina ya mahali na mahali, hilo hatulipingi. Tunalouliza ni: tofauti hiyo imetoka wapi?

Hapa ndipo Eliade anapoteleza. Anadai kuwa katika mapokeo ya Kiislamu Al-Kaaba ndiyo mahali pa juu kabisa duniani, kwa kuwa nyota ya kaskazini inashuhudia kuwa imeelekea katikati ya mbingu. Kauli hiyo asili yake ni Al-Kisai, mtunzi wa visa vya Manabii. Kila mwanafunzi wa Hadithi anajua daraja ya vitabu vya visa: si hoja katika itikadi wala katika hukmu. Kisha aliyewahi kufika Makka anajua kuwa Nyumba Tukufu iko bondeni, na mlima wa Abu Qubays unaitazama kutoka juu. Qur'ani yenyewe, katika Sura Ibrahim, aya ya 37, imeliita eneo hilo bonde lisilo na mimea. Ni kwa sababu ya kuwa bondeni ndiyo mafuriko ya mwaka 1039 Hijria (1630) yakaziangusha kuta za Al-Kaaba, ikajengwa upya katika zama za Sultani Murad wa Nne. Mwandishi aliyetaka kila patakatifu pawe mlima amelipandisha bonde likawa kilele.

Kosa la pili ni zito zaidi. Eliade anasimulia habari za Waachilpa, wenyeji wa Australia, kwamba nguzo yao tukufu ilipovunjika walitangatanga, kisha wakalala chini wakafa, kwa kuwa bila ya kitovu ulimwengu wao haupo. Mwaka 1987 Jonathan Z. Smith, aliyefundisha chuo kile kile cha Chicago, alirejea maandishi ya awali akaonesha kuwa Eliade aliyasoma vibaya. Lakini hata tukikubali kisa hicho kama alivyokisimulia, je, kinatufaa sisi?

Tuitazame historia. Mwaka 317 Hijria (930) Makaramita waliivamia Makka katika msimu wa Hija, wakawaua mahujaji, wakaling'oa Jiwe Jeusi na kulichukua. Halikurudi ila mwaka 339 Hijria (951). Hija ilivurugika kwa sababu ya hofu ya njia, naam, lakini sala za Waislamu hazikubatilika hata siku moja, na mahujaji walipopata njia walitufu bila ya Jiwe. Mafakihi wa Kishafii wameandika hukmu yake: Jiwe likiondolewa mahali pake, basi huguswa na kubusiwa ile nguzo lilipokuwa. Hiyo ndiyo maana ya maneno ya Sayyidna Umar (r.a.) katika Sahihi Bukhari, alipotangaza kuwa analijua kuwa ni jiwe, halidhuru wala halinufaishi, na kwamba lau asingemwona Mtume (s.a.w.) akilibusu, naye asingelibusu.

Na kibla je? Mtume (s.a.w.) alisali Madina akielekea Baitul Maqdis kwa miezi kumi na sita au kumi na saba, kisha akaamrishwa kuelekea Makka. Lau utukufu wa mahali ungekuwa ni nguvu iliyomo katika ardhi yenyewe, tungelazimika kusema kuwa kitovu cha ulimwengu kilihama kati ya sala mbili! Bali Sura Al-Baqara, aya ya 142, imewajibu waliohoji kwamba mashariki na magharibi zote ni za Mwenyezi Mungu. Hivyo basi kauli yetu ni hii: mahali hutukuzwa kwa amri ya Mwenye kumiliki, wala si kwa tabia ya udongo. Hata kiwanja cha Msikiti wa Mtume kilikuwa na makaburi ya washirikina, magofu na mitende. Makaburi yakafukuliwa, magofu yakasawazishwa, mitende ikakatwa, na hapo ndipo sala moja ikawa bora kuliko sala elfu za kwingineko, isipokuwa Msikiti Mtukufu wa Makka.

Huenda msomaji akauliza: je, kauli hii haitupokonyi misikiti yetu? Ikiwa ardhi yote imejaaliwa kuwa mahali pa kusujudia, kama ilivyo katika Hadithi sahihi, kuna haja gani ya kuugombea msikiti mmoja? Hili si swali la kubuni. Msikiti wa Babri kule Ayodhya, India, ulijengwa katika zama za Babur, karne ya kumi na sita. Usiku mmoja wa Disemba 1949 yakaingizwa masanamu ndani yake, na tarehe 6 Disemba 1992 ukabomolewa na umati wa Wahindu waliodai kuwa ardhi ile hasa ndipo alipozaliwa Rama. Mwaka 1994 Mahakama Kuu ya Rufaa ya nchi hiyo ikasema kuwa msikiti si sehemu ya lazima ya ibada ya Kiislamu, kwa kuwa sala husihi popote, hata uwanjani. Mwaka 2019 ikakiri kuwa kuubomoa kulikuwa kinyume cha sheria, lakini ikatoa kiwanja kwa ajili ya hekalu na kuwapa Waislamu ekari tano mahali pengine. Hekalu likazinduliwa Januari 2024.

Kauli ya mwaka 1994 imechanganya mambo mawili ambayo mafakihi hawakuyachanganya. La kwanza ni kusihi kwa sala, na hilo halihitaji jengo. La pili ni hurma ya wakfu. Kiwanja kikishawekwa wakfu kuwa msikiti kimetoka katika milki ya watu. Kwa Mashafii, ambao ndio wengi wa pwani yetu, hakiuzwi hata jengo likianguka. Mahambali wameruhusu kuuza pale tu manufaa yake yanapokatika. Hakuna madhehebu iliyosema kuwa msikiti uporwe kwa sababu mwenye kusali anaweza kusali njiani. Angalia pia tofauti ya madai yenyewe. Anayesema utukufu umo udongoni hana nafasi ya sulhu, kwa kuwa udongo ni ule ule mmoja. Anayesema ni wakfu huleta ushahidi na kusikiliza ushahidi wa mwenzake.

Lakini mizani ni moja, nasi tupimwe kwayo. Al-Baladhuri ameeleza kuwa Al-Walid bin Abdulmalik alilichukua Kanisa la Yohana kule Damascus bila ya ridhaa ya wenyewe na kuliingiza katika msikiti. Wakristo walipomshitakia Umar bin Abdulaziz, aliyetawala kuanzia 717 hadi 720, aliamuru warejeshewe. Watu wa Damascus wakachukia, kwa kuwa walikwisha sali na kuadhini humo. Ikafikiwa sulhu: Wakristo wakarejeshewa makanisa ya Ghuta yaliyotwaliwa kwa nguvu, nao wakaridhia kuliacha dai lao. Khalifa yule hakusema kuwa Wakristo waweza kusali popote. Aliuliza haki ni ya nani. Na Sura Al-Hajj, aya ya 40, imeyataja mahekalu ya watawa, makanisa na masinagogi pamoja na misikiti, kuwa yangevunjwa lau Mwenyezi Mungu asingewakinga watu, baadhi yao kwa wengine.

Kwa hiyo wanafunzi wetu wakisome kitabu cha Eliade, kwani ndani yake mna elimu nyingi kuhusu mataifa, lakini wasiikabidhi kwake Al-Kaaba. Na maimamu wetu, wanapowahimiza waumini kuitukuza misikiti, wawaeleze pia chanzo cha utukufu huo. Muumini anayedhani kuwa baraka imo katika jiwe atakuja kulitaka jiwe limpe. Na anayedhani kuwa sala kusihi popote kunatosha, ataacha wakfu wa wazee wake uuzwe huku akitazama. Wote wawili wamepoteza jambo lile lile: kwamba mahali patukufu ni amana yenye hukmu zake, na amana huulizwa mwenye kuibeba.

Wallahu aalam.