Hofu ya Mapigo Matano

Sikiliza muziki unaofungua Halloween, filamu ya John Carpenter ya mwaka 1978, huku ukihesabu kwa vidole. Aliyezoea kuhesabu nne atapotea. Mdundo unakwenda kwa mapigo matano, na kila pigo limegawanywa mara mbili: noti kumi za piano zinazojipanga tatu, tatu, mbili, mbili. Mguu unatafuta pa kutua, haupati. Mwili unaingiwa na wasiwasi kabla kisu cha muuaji hakijaonekana.

Carpenter alifundishwa mdundo huo utotoni, kwa ngoma za bongo, na baba yake, profesa wa muziki katika chuo kikuu cha Bowling Green, Kentucky. Filamu nzima ilikuwa na bajeti ya takriban dola 300,000, kwa hiyo okestra haikuwa ya kufikiriwa. Aliingia katika studio ndogo Los Angeles pamoja na Dan Wyman, aliyemtayarishia sauti za sinthesaiza, na kwa muda mfupi kazi ikaisha.

Ufundi wenyewe, kwa maoni yangu, uko katika namna walivyorekodi. Kwa kawaida mtunzi hupima picha sekunde kwa sekunde ili muziki uingie pale pale mlango unapofunguka. Kazi hiyo hula muda, na muda wa studio hulipiwa. Carpenter alirekodi bila kuitazama picha. Alitunga vipande vichache, kila kimoja na tabia yake, vikaja kuwekwa juu ya picha baadaye. Ndiyo maana vinarudi mara kwa mara. Wapo wanaoona hapo ufukara tu. Mimi nasikia akili: sikio likishazoea kwamba sauti fulani huja na muuaji, barabara tupu yenye miti na nyumba nyeupe inatosha kukutetemesha. Milio ya ghafla ya kushtua ndiyo iliyozidi kidogo; piano ingeweza kubeba peke yake.

Carpenter amesimulia kwamba ofisa mmoja wa studio kubwa aliitazama filamu hiyo kabla haijatiwa muziki, wala hakuogopa. Ilipotoka na muziki wake, iliingiza takriban dola milioni 70 duniani.

Mwaka 2018 aliurudia muziki huo kwa filamu mpya ya Halloween, akiwa na mwanawe Cody na mwanamuziki Daniel Davies. Sauti zilinenepa. Mapigo yalibaki matano.