Upanga, Kitabu na Maji Mekundu: Ufundi wa Benjamin Lay

Benjamin Lay, Mkweka aliyepinga utumwa, alikuwa na urefu wa futi nne na ushei, ana kibyongo, na wengi walimwona mwendawazimu. Lakini alichofanya mwaka 1738 Burlington, New Jersey, kwenye mkutano mkuu wa mwaka wa Wakweka, kilipangwa kwa makini.

Tuanze na mahali. Ibada ya Wakweka (ndio Marafiki waliofika Kaimosi, Kenya, mwaka 1902) enzi za Lay haikuwa na mchungaji. Watu waliketi kimya, na aliyesukumwa na Roho alisimama akanena. Kwa hiyo Lay hakuhitaji kuvamia. Utaratibu wenyewe ulimpa nafasi. Mbele yake waliketi wakubwa wa jumuiya, baadhi yao wakimiliki watumwa.

Vifaa navyo vilichaguliwa. Ndani ya koti kubwa alivaa sare ya kijeshi na upanga. Mkononi alishika kitabu alichokichimba ndani na kuficha humo kibofu cha mnyama kilichojaa maji mekundu ya matunda ya porini. Alivua koti, akatangaza kuwa Mungu atamwaga damu ya wanaowafanya wenzao watumwa, akakichoma kitabu kwa upanga. Maji yakawarukia waliokaa karibu.

Hapo ndipo penye ufundi. Lay hakuleta amri mpya. Wakweka walikuwa wameshaikataa vita. Upanga uliwaambia kuwa utumwa nao ni vita, na wao wamo. Walipombeba kumtoa nje, hakupigana, maana kama angepigana angepoteza shtaka lake.

Nguvu nyingine ilikuwa maisha yake. Akiwa Barbados aliona watumwa wakifa njaa, na baadaye akakataa sukari kwa kuwa ilitokana na jasho lao. Wakati mmoja alisimama nje ya mkutano mguu mmoja ukiwa mtupu kwenye theluji. Waliomwonea huruma aliwauliza mbona hawawahurumii watumwa wao, wanaopitisha majira yote ya baridi nusu uchi.

Mbinu hii ina kikomo chake: hushtaki, haibembelezi. Mwaka huohuo wa 1738 Wakweka wa Philadelphia walitangaza kuwa Lay si mwenzao. Kuwashawishi wenye watumwa mmoja mmoja kulifanywa na Wakweka wapole kama John Woolman. Mwaka 1758 mkutano wa Philadelphia uliamua kuwachukulia hatua wanaonunua na kuuza watu. Lay alifariki mwaka uliofuata. Kumiliki mtumwa kwenyewe kulisubiri hadi 1776 kupigwa marufuku miongoni mwao.